Kifaa cha kugeuza sauti kuwa rangi, na rangi kuwa sauti tena: je, sauti ya bibi itarudi ileile?

#1 Mjukuu wa Msusi

Salaam wana jukwaa. Naomba mnisaidie kufikiri.

Bibi yangu mzaa mama alikuwa msusi wa mikeka kisiwani Pemba. Hakuwa akianza ukili mpya, ule utepe mrefu wa kushonea mkeka, bila kuanza wimbo, na mara nyingi wimbo na ukili vilifika mwisho pamoja. Alipofariki alituachia mikeka mitatu na kaseti moja ambayo mjomba alimrekodia akiwa kazini, bila yeye kujua. Kaseti imezeeka, na kila tunapoicheza naona kama tunaila kidogo kidogo.

Nimekuwa nikiwaza kifaa ambacho hakipo dukani. Upande mmoja kina kipaza sauti, upande wa pili kina jicho kama la kamera. Ukiimba mbele yake, kinakupa utepe wa rangi. Ukiuleta utepe huo mbele ya jicho lake, hata baada ya miaka hamsini, kinauimba. Ningependa kuchukua rangi hizo na kuzisuka mkeka, ili mkeka wenyewe uwe ni sauti ya bibi.

Kwamba sauti inaweza kupewa rangi najua, kwa sababu hata taa za ukumbini hucheza kwa kufuata muziki. Ninachouliza ni safari ya kurudi. Je, rangi ikishabeba sauti, inaweza kuirudisha ileile, au itarudisha kitu kingine kinachofanana nayo tu?

#2 Nuru na Wimbi

Dada, jibu langu ni ndiyo, na kifaa chenyewe nakiona kuwa rahisi kuliko unavyodhani. Sauti ni mtetemo, na mwanga nao ni mtetemo wenye kasi kubwa zaidi. Wanamuziki wanajua kwamba ukizidisha mitetemo ya noti mara mbili, unapata noti ileile katika oktava ya juu. Chukua noti A ambayo okestra hutumia kulinganishia ala, yenye mitetemo 440 kwa sekunde, kisha uizidishe mara mbili, tena mara mbili, hadi ufike mara 40. Utapata mitetemo trilioni 484 kwa sekunde, ambayo ni mwanga wa rangi ya chungwa inayoelekea wekundu. C ya katikati ya kinanda ukiipandisha oktava 41 inaangukia kwenye kijani. G iliyo juu yake inakuwa nyekundu. Kila noti ina rangi yake, na kwa kurudi unagawanya tu kwa mbili mara zilezile.

#3 Hesabu Kwanza

Mkuu Nuru, hesabu yako ni sahihi na nimeirudia mwenyewe, lakini hitimisho silikubali kwa sababu mbili.

Kwanza, sikio la kijana mwenye afya husikia kuanzia mitetemo 20 hivi hadi 20,000 kwa sekunde, yaani takriban oktava kumi. Jicho huona kuanzia trilioni 400 hivi hadi 790, ambayo haifiki hata oktava moja kamili. Unapoziingiza oktava kumi ndani ya moja, noti ya bibi na noti ileile iliyoimbwa na mtoto juu yake zinapata rangi moja. Wakati wa kurudi kifaa hakitajua kimrudishe nani.

Pili, na hili ndilo zito zaidi, sikio na jicho hazichanganyi kwa namna moja. Watu wawili wakiimba noti mbili kwa pamoja, sikio lililozoea linazitambua zote mbili. Jicho halifanyi hivyo. Lina aina tatu tu za chembe za kupokea rangi, na mwanga mwekundu ukichanganywa na wa kijani linaona manjano, ileile ambayo lingeiona kwa mwanga mmoja wa manjano halisi. Sauti ya binadamu haina noti moja, bali ina rundo la noti zinazokwenda pamoja, na wingi huo ndio unaotufanya tumjue mtu kabla hajataja jina. Ukiukoroga uwe rangi moja, huwezi kuukorogoa.

#4 Mwalimu wa Sauti ya Nne

Habari zenu. Nimefundisha kwaya kwa miaka mingi, na kifaa anachokitafuta dada nimekitumia, isipokuwa kilikuwa cha chaki.

Nilipata waimbaji wazima ambao hawakuwa wamezoea kusoma do-re-mi ubaoni. Nikaandika kila noti kwa rangi yake: do nyekundu, re ya chungwa, mi manjano, fa kijani, so bluu, la zambarau, ti waridi. Baada ya miezi michache walikuwa wakiimba kwa kufuata vipande vya kitambaa nilivyovibandika ukutani, bila herufi hata moja. Sauti ya nne ndiyo iliyochelewa, na ndugu zangu wa besi mnisamehe kwa kulisema hili hadharani. Kwa hiyo rangi inarudisha wimbo, nimeshuhudia. Kwa maoni yangu, hata Newton alitengeneza kinanda cha namna hiyo.

#5 Kumbukumbu ya Kale

Mwalimu, shukrani kwa ushuhuda, ila naomba nirekebishe hapo mwisho. Newton hakutengeneza kinanda cha rangi. Alichofanya, katika kitabu chake cha mwaka 1704 kuhusu mwanga, ni kuzigawa rangi za upinde wa mvua kuwa saba kwa kuzilinganisha na hatua saba za ngazi ya muziki. Wanahistoria wengi wanaona kwamba rangi ya chungwa na ya nili zilipata nafasi zao katika orodha kwa sababu ya muziki huo kuliko kwa sababu ya jicho.

Aliyetangaza kinanda ni padri Mjesuiti wa Ufaransa, Louis Bertrand Castel, mwaka 1725. Alitaka kila kidole kinapobonyeza, kidirisha chenye kioo cha rangi kifunguke na mwanga upite. Alihangaika nacho kwa miaka mingi, na taabu yake kubwa ilikuwa ni mwanga wenyewe, kwani alitegemea mishumaa.

Kuhusu madai ya ndugu Nuru kwamba kila noti ina rangi yake, wapo watunzi wawili wa Urusi walioamini jambo hilohilo, Scriabin na Rimsky-Korsakov. Wote waliiona D kuwa manjano. Lakini walipofika kwenye C, Scriabin aliiona nyekundu, mwenzake akaiona nyeupe. Kwa hesabu ya ndugu Nuru, C ni kijani. Kama rangi ingekuwa imo ndani ya noti, watatu hawa wangeelewana.

#6 Udi na Kanuni

Mwalimu wangu, rangi zako saba zinafaa kanisani, lakini kwenye taarabu zitatuua. Sisi tunaopiga muziki wa Unguja tumerithi makamu, yaani ngazi za noti, za Kiarabu, na ndani yake zipo noti zinazokaa katikati ya mi na mi iliyoshushwa. Ukipiga makamu ya Rast kwa kinanda cha kawaida, msikilizaji mwenye sikio atajua mara moja kwamba umeikata miguu. Kwa ajili hiyo udi hauna vikomo shingoni, na kanuni ina vishikizo vidogo vya kupandisha na kushusha nyuzi. Bibi wa Pemba akiimba peke yake huku mikono ikisuka, ninaamini hakuwa akisimama kwenye vidaraja saba. Alikuwa akiteleza. Kifaa kitakachompa rangi saba kitamrudisha akiwa amenyooshwa kama mwanafunzi.

#7 Mwalimu wa Sauti ya Nne

Nakubali, maalim. Mimi nilikuwa narudisha wimbo, na dada anataka kumrudisha mwimbaji. Hayo ni mambo mawili, na sikuwa nimeyatenganisha.

#8 Pacha wa Pili

Mimi na dada yangu pacha tumezaliwa tukiona rangi tunaposikia sauti. Wataalamu huita hali hii sinesthesia. Kwangu sauti ya mama ni kijani iliyoiva, kama jani la mgomba upande wa juu. Tarumbeta ni manjano yenye ukingo mkali.

Lakini Kumbukumbu (#5) amesema kweli. Kwa dada yangu mama ni wa kahawia. Tulikuwa wadogo tulipogombana juu ya hilo, na kila mmoja alilia kwa kuona mwenzake anamsingizia mama. Rangi zangu hazijabadilika tangu wakati huo, wala zake. Kwa hiyo mimi ningesema kila mtu ana kifaa chake, na kwamba ufunguo wa kurudi uko kwa yule aliyeona tu. Mkeka uliosukwa kwa macho yangu, dada yangu asingeweza kuusikia.

#9 Mwana wa Mwendesha Sinema

Ndugu zangu, mnabishana kana kwamba sauti haijawahi kugeuzwa mwanga na kurudi. Baba yangu aliifanya kazi hiyo kila usiku, mchana akilala.

Alikuwa mwendesha mashine katika jumba la sinema mjini Tanga. Pembeni mwa utepe wa filamu, kati ya picha na matundu, palikuwa na mstari mwembamba uliokuwa ukinenepa na kukonda kama mto unaoonekana kutoka angani. Huo mstari ndio uliokuwa sauti. Taa ndogo ilipitisha mwanga kwenye mstari, mwanga ukapungua na kuongezeka, kipokezi cha mwanga upande wa pili kikaugeuza umeme, na spika ikasema. Mstari haukukaa sambamba na picha yake, bali ulitangulia kwa takriban fremu 20, kwa sababu kisomeo cha sauti kilikuwa mahali pengine ndani ya mashine. Filamu ikikatika, baba aliiunga kwa gundi, na maungio hayo yalisikika "tap" yanapopita. Michubuko ya vumbi nayo ilisikika kama mvua. Alinifundisha kutazama mstari na kusema kama anayezungumza ni mwanamume au mwanamke, nami nilikuwa nikipatia mara nyingi kuliko kukosea.

Kwa hiyo jibu kwa #1 ni ndiyo, inarudi, na inarudi yenyewe, pamoja na kohozi lake.

#10 Kumbukumbu ya Kale

Ushuhuda mzuri sana, lakini huo mstari ulikuwa mweusi na mweupe, si rangi. Rangi ilikuja baadaye, katika filamu za karibuni, ambapo mstari ulichapwa kwa rangi ya samawati inayoelekea kijani na kusomwa kwa taa nyekundu. Hata hapo rangi haikubeba sauti. Ilikuwa inazuia tu mwanga mwekundu upite kiasi gani.

#11 Fundi wa Vibandani

Hapo hapo, Kumbukumbu. Nimelipima hilo kwa mkono wangu.

Nilikuwa na kipande kidogo cha sola kilichotoka kwenye taa mbovu. Nikaunga nyaya zake mbili kwenye kikuza sauti cha redio. Nilipokielekeza kwenye taa ya mrija dukani, kikanguruma, kwa sababu umeme wetu huenda na kurudi mara 50 kwa sekunde na taa hupepesa mara 100. Rimoti ya televisheni ikatoa mlio wa "trrr". Jua lilikuwa kimya, ingawa ndilo lenye mwanga mkubwa kuliko vyote, na hilo lilinishangaza hadi nilipoelewa kwamba kipande cha sola hakisikii mwanga bali mabadiliko ya mwanga.

Kisha nikachukua taa ndogo nyekundu ya diodi, nikaiunganisha kwenye tundu la spika la redio nyingine, nikaielekeza kwenye sola. Taarifa ya habari ikasikika kutoka upande wa pili wa meza, na mkono ukipita katikati inakatika. Nikabadilisha nikaweka taa ya kijani, halafu ya bluu. Mtangazaji alibaki yuleyule, ni nguvu tu iliyopungua au kuongezeka. Alexander Graham Bell alifanya jambo la aina hiyo mwaka 1880 kwa mwanga wa jua na kioo chembamba kilichotetemeshwa na sauti, akafikisha maneno umbali wa takriban mita 213.

Hoja yangu ni kwamba wote mnaotafuta rangi gani ni noti gani mnatafuta pasipo na kitu. Kinachobeba sauti ni kupanda na kushuka kwa mng'ao. Rangi ni kanga tu, umbo liko ndani.

#12 Nuru na Wimbi

Fundi, jaribio lako nimelipenda, lakini limethibitisha kwamba kipande cha sola hakitofautishi rangi. Halikuthibitisha kwamba rangi haiwezi kubeba kitu. Ungeweka taa tatu za rangi tatu na vipokezi vitatu vyenye vichujio, ungepeleka watangazaji watatu katika mwale mmoja. Nyaya za kioo zinazoleta intaneti chini ya bahari hupitisha mazungumzo mengi kwa pamoja kwa namna hiyo, kila kundi na urefu wake wa wimbi.

#13 Fundi wa Vibandani

Hilo nakupa.

#14 Hesabu Kwanza

Sasa tumpe dada hesabu ya mkeka wake, maana ndilo swali.

Sauti ya kiwango cha santuri ya CD huchukuliwa sampuli, yaani vipimo vya wimbi, 44,100 kwa sekunde, na kila sampuli ni mojawapo ya hatua 65,536. Nukta moja ya picha ya kompyuta inaweza kuwa na rangi zaidi ya milioni 16, kwa hiyo inatosha kabisa kubeba sampuli moja. Sekunde moja ya sauti inakuwa picha ya mraba yenye nukta 210 kwa 210, bila kuzidi wala kupungua. Hapo Fundi na Nuru mnapatana, kwa kuwa rangi inakuwa namba tu na namba haipotezi kitu. Angalizo ni kwamba picha hiyo isitumwe kwa njia zinazobana picha. Jicho halitaona tofauti, lakini sauti itakuwa imesagika.

Mkeka lakini hauna rangi milioni 16. Tuseme msusi ana rangi nane zinazotofautika vizuri, na mkeka ni wa mita mbili kwa moja wenye vijiraba vya milimita tano. Hivyo ni vijiraba 80,000. Sauti ya kiwango cha simu ya zamani huhitaji sampuli 8,000 kwa sekunde, na kila sampuli inakula vijiraba vitatu vya rangi nane. Mkeka mzima utabeba sekunde tatu na kidogo.

Upo upande wa pili. Zipo njia za kuibana sauti hadi biti 2,400 kwa sekunde (biti ni alama ya ndiyo au hapana, na kijiraba kimoja cha rangi nane hubeba tatu), zilizotumika katika redio za kijeshi, ambazo zinabaki na maneno yanayoeleweka. Kwa njia hiyo mkeka huohuo utabeba sekunde 100. Maneno ya bibi yatakuwapo yote. Lakini yatasemwa na mashine.

#15 Mkono wa Ukindu

Nimesoma kwa makini na nimesubiri mtu aseme, naona hakuna, basi niseme mimi niliyesuka tangu nina miaka tisa. Mkeka hauna vijiraba mnavyovifikiri.

Ukindu huchanwa, chane huchemshwa na rangi, kisha tunasuka ukili, ambao ni utepe mrefu. Chane hukatiza kimshazari, moja juu ya nyingine, na kila chane ina rangi yake moja tangu inapoanza hadi inapoisha. Ikizama inaibuka mbele ikiwa na rangi ileile. Siwezi kukuwekea nukta nyekundu hapa na nukta ya kijani pale kwa amri ya mashine. Ninachoweza ni kuchagua chane gani iingie na lini iungwe nyingine. Mikeka yetu ina mapambo yanayojirudia kwa sababu hiyo, hatukukosa ubunifu.

Tena mkeka hausukwi mzima. Ukili husukwa pima kwa pima (pima ni urefu wa mikono miwili iliyonyooshwa), mrefu upendavyo, ndipo unapopindwa na kushonwa ubavu kwa ubavu. Kwa hiyo bwana Hesabu, usipime upana na urefu. Pima ukili.

Kama mnataka nukta moja moja, nendeni kwenye shanga.

#16 Mjukuu wa Msusi

Bi Mkono wa Ukindu, shikamoo, na ahsante sana. Maneno yako yamenirudisha sakafuni kwa bibi. Shanga sitaki, kwa sababu bibi hakutunga shanga.

Lakini kama ukili ni mrefu upendavyo na chane ndiyo inayobadilika polepole, je, hakuna namna ya kuandika sauti inayobadilika polepole?

#17 Kumbukumbu ya Kale

Ipo, na ni ya zamani. Sauti yenyewe hutetemeka haraka, lakini mdomo na ulimi husogea polepole. Mwaka 1939 Homer Dudley wa maabara za Bell nchini Marekani alionyesha mashine iliyoigawa sauti ya msemaji katika mikanda kumi, kuanzia minene hadi myembamba, na kuandika tu kila mkanda una nguvu kiasi gani wakati huo, pamoja na taarifa ya kimo cha sauti. Kutokana na hayo mashine ya upande wa pili ilisema maneno yaleyale. Miaka kumi hivi baadaye watafiti wa maabara ya Haskins, Marekani, walitengeneza mashine iliyosoma picha za namna hiyo zilizopakwa kwa brashi na kuzitamka. Mtu alichora, mashine ikasema. Huko Moscow mhandisi Murzin alijenga ala yenye sauti 720, hatua 72 kwa kila oktava, na mtunzi alikwangua michoro kwenye kioo kilichopakwa rangi nyeusi ili mwanga upite na muziki utoke. Maalim Udi, hatua 72 zinaitosha Rast.

Kwa hiyo Bi Mkono anaweza kusuka kili kumi, kila mmoja ukiwa mkanda mmoja wa sauti, na rangi ikieleza nguvu yake. Zikishonwa ubavu kwa ubavu, mkeka unasomeka kutoka ncha moja hadi nyingine.

#18 Mkono wa Ukindu

Marahaba mjukuu. Kili kumi zilizokwenda sambamba naweza. Lakini kuunga chane mpya kila baada ya nusu shubiri kunafanya ukili uvimbe upande wa chini. Mwambieni huyo wa mashine apunguze haraka.

Na kuna jambo hamjaliuliza. Bibi alipokuwa akinyamaza ili avute pumzi, mtaweka rangi gani? Msiweke nyeusi. Wekeni ukindu usiotiwa rangi.

#19 Nasikia kwa Macho

Mimi ni kiziwi tangu nikiwa na miaka minne. Nimefurahi Bi Mkono ameuliza kuhusu kimya.

Ninyi wote mnahangaikia safari ya kurudi. Kwangu ya kwenda peke yake ingetosha, na bado ina matatizo yake. Kifaa kikinionyesha rangi kwa kasi ya maneno, jicho halifuati. Mwanga ukipepesa zaidi ya mara 50 au 60 hivi kwa sekunde mimi naona umetulia tu. Utepe ulioandikwa ukabaki mezani ndio unaonifaa, kwa kuwa naweza kurudi nyuma na kuutazama tena. Dada #1, ukishausuka mkeka huo, mimi nitakuwa nimemsikia bibi yako kabla ya hao wenye mashine ya kuusoma. Sitajua maneno, lakini nitajua mahali alipokaza, mahali alipolegeza na mahali alipochoka. Naomba tu mnene uwe wa rangi nzito na mwembamba uwe wa rangi nyepesi. Kiswahili chenyewe kimeshasema sauti nene na sauti nyembamba, msivipindue.

#20 Msomaji wa Vidole

Nami niseme kutoka upande wa pili, kwa kuwa sioni. Wapo wanaokwenda kinyume na dada, kutoka rangi kwenda sauti, na wanaishi nayo. Neil Harbisson, msanii aliyezaliwa akiona kila kitu kwa kijivu, ana antena iliyounganishwa na fuvu lake, nayo humsikilizisha rangi. Mholanzi Peter Meijer alichapisha mwaka 1992 mfumo unaoigeuza picha kuwa sauti: unapita kutoka kushoto kwenda kulia, kilicho juu kinalia kwa sauti nyembamba, kilicho chini kwa sauti nene, na kinachong'aa kinalia kwa nguvu. Nimefanya mazoezi ya mfumo huo kwa wiki kadhaa. Mwanzoni ni kelele. Siku moja mlango uliokuwa wazi ulisikika kuwa wazi, nikapita.

Simwungi mkono Pacha wa Pili kwamba ufunguo uko ndani ya mtu mmoja tu. Ufunguo unaweza kufundishwa, hata ukiwa wa kubuni.

#21 Pacha wa Pili

Labda unaweza kufundishwa. Mimi sijaweza kujifunza kuiona rangi ya dada yangu, na nimejaribu.

#22 Kumbukumbu ya Kale

Kuhusu ufunguo, nina kisa kimoja ambacho Mjukuu hapaswi kukikosa. Mwaka 1857 Mfaransa Édouard-Léon Scott de Martinville alisajili chombo kilichoandika mawimbi ya sauti kwenye karatasi iliyofukizwa masizi. Hakikuweza kuirudisha sauti, wala yeye hakukusudia hivyo. Mwaka 2008 watafiti wa Marekani walisoma kwa kompyuta karatasi yake ya mwaka 1860, na wimbo wa watoto wa Kifaransa ukasikika. Walidhani mwimbaji ni msichana. Baadaye waligundua kwamba walikuwa wameuendesha kwa kasi maradufu, na kwamba aliyeimba, polepole, bila shaka ni Scott mwenyewe.

Karatasi ilikuwa nzima. Kilichowapotosha ni kasi. Na kilichowawezesha kuizungumzia kasi ni kwamba Scott aliandika pembeni mtetemo wa uma wa kulinganishia sauti. Dada, suka pembeni mwa mkeka kipande kinachoeleza kasi, na kipande kinachoonyesha kila rangi ikiwa mpya, kwa sababu rangi zitapauka.

#23 Hesabu Kwanza

Naongezea. Kila jambo liandikwe zaidi ya mara moja, sehemu mbalimbali. Msimbo wa QR unaouona dukani, ukitengenezwa kwa kiwango cha juu cha ulinzi, husomeka hata takriban asilimia 30 yake ikiharibika. Mkeka utakaliwa na watu.

Ila narudia pingamizi langu la #14, maana naona limefunikwa. Mikanda kumi itarudisha maneno na labda mwendo wa wimbo. Haitarudisha koo lake. Dudley mwenyewe alikuwa akitafuta njia ya kupitisha mazungumzo kwenye waya mwembamba. Hakuwa akitafuta kumhifadhi mtu.

#24 Mwana wa Mwendesha Sinema

Nami narudia langu la #9. Mstari wa filamu ulilirudisha koo. Kama ukili mmoja unaweza kunenepa na kukonda badala ya kubadilika rangi, mmeshapata jibu.

#25 Mkono wa Ukindu

Ukili unaonenepa na kukonda ni ukili wa mwanafunzi. Bibi huyo asingeukubali.

#26 Mjukuu wa Msusi

Nimewasomea mama na mjomba majibu yenu yote jana usiku. Tulisikiliza kaseti mara moja ili tuchague sekunde chache, kwa kuwa sote tumekubali kwamba mkeka hautabeba zaidi ya hapo.

Nilidhani tutachagua beti ya kwanza ya wimbo. Mama alikataa. Alichagua mahali ambapo bibi anakatiza wimbo, anaita jina la mama, anamwambia alete maji ya kulowekea ukindu, kisha anaendelea na wimbo kutoka neno lilelile. Ni kama sekunde nane. Mama alikuwa na miaka saba. Anasema hakuleta maji haraka.

Kwa hiyo swali langu limebadilika kidogo. Maneno yake tunayajua, na wimbo tunaujua, tunauimba bado. Tunachokitaka ni namna alivyoliita lile jina. Bwana Hesabu, je, hilo liko kooni au liko kwenye ile mikanda kumi?

#27 Hesabu Kwanza

Kupanda na kushuka kwa sauti wakati wa kuita, urefu wa irabu, mahali alipokaza, hayo yamo katika mikanda na katika kile kimo cha sauti. Mkwaruzo wa koo na pumzi haumo, au umo kidogo sana. Sekunde nane kwa mikanda kumi, kwa hatua 20 kwa sekunde, ni hatua 160 katika kila ukili. Bi Mkono atuambie kama pima moja inaweza kuchukua hatua kumi, ili kila ukili uwe wa pima kumi na sita.

#28 Udi na Kanuni

Kimo cha sauti kipewe ukili wake peke yake, wa kumi na moja, na rangi zake zisipungue ishirini na nne. Mtu akimwita mtoto wake sauti yake huteleza kuliko anapoimba.

#29 Mkono wa Ukindu

Hatua kumi kwa pima naweza, hazitavimba. Rangi ishirini na nne sina. Nina tisa, na ya kumi ni ukindu mtupu.

#30 Fundi wa Vibandani

Kabla ya rangi, kaseti. Usiicheze tena hata mara moja mpaka uinakili. Fungua kichwa cha mashine ukisafishe kwa pamba na spiriti, kausha, kisha zungusha utepe wote mbele na nyuma taratibu ili ulegee, maana tepe za zamani hugandana. Ndipo uicheze mara moja tu, mwanzo hadi mwisho, ikiingia kwenye kompyuta bila kubanwa. Usirekebishe chochote, hata mvumo. Kipande cha kuita maji kiandike kiko dakika ya ngapi, unitumie, nitakitoa katika mikanda kumi na moja, na nitakuchorea kila mkanda kwenye karatasi ndefu kwa rangi tisa na nyeupe moja, ili Bi Mkono aitandike sakafuni mbele yake anaposuka.